Kadiri Unavyokaa Karibu na Uwanja, Ndivyo Unavyonyimwa Mechi

Najua niliahidi kumalizia ile mada ya hifadhidata, na bado nitaimalizia. Lakini leo nina hasira, na hasira ya mtu wa kompyuta ni bora iandikwe ingali moto, la sivyo inageuka kuwa kodi mbaya.

Dada yangu mkubwa anaishi Des Moines, jimbo la Iowa, Marekani, yeye na shemeji na watoto wawili. Mvulana wao, mpwa wangu, ana miaka kumi. Amezaliwa kule, na ugonjwa wake ni besiboli. Sisi hapa tulipokuwa rika lake tulikuwa tukifunga karatasi za plastiki kwa kamba tukapata mpira wa kuchezea. Yeye analala na glavu chini ya mto. Siku yake ya kuzaliwa shemeji akamlipia huduma moja ya kutazama mechi kwenye intaneti, msimu mzima. Jioni ya kwanza familia nzima ikaketi sebuleni, dada akapika na chapati, runinga ikawashwa, timu ya mtoto ikachaguliwa. Kilichotokea kwenye skrini ni giza na maneno machache: mechi hii haipatikani katika eneo lako.

Mtoto akanipigia simu ya video. Kwangu Nairobi ilikuwa saa tisa usiku. "Anko, wewe si ni mtu wa kompyuta? Nirekebishie."

Nikawasha laptopu yangu. Kwa sababu za kikazi nami nimejisajili kwenye huduma hiyo hiyo, lakini nikiwa Kenya. Nikabonyeza mechi ile ile. Ikacheza papo hapo, picha safi, bila swali lolote.

"Anko," akasema mtoto, "kumbe kwako inaonekana?"

Mwishowe nikaigeuza simu ielekee laptopu, nikaiegemeza kwenye kikombe cha chai. Mpwa wangu akaitazama timu ya mji ulio jimbo jirani na kwao, inayocheza saa chache tu kwa gari kutoka mlangoni pake, kupitia simu iliyosimama juu ya meza yangu, upande wa pili wa dunia. Huduma yenyewe sitaitaja jina, kwa maana haikuharibika. Ilifanya kazi yake barabara, na hilo ndilo linaloniudhi kuliko kama ingekuwa imeharibika.

Waswahili husema mgeni njoo, mwenyeji apone. Hapa mgeni anakula na mwenyeji analala njaa. Nataka leo tuelewane ni kwa nini.

KWANZA, MAMBO YALIVYO

Ligi kuu ya besiboli Marekani, MLB, ina timu 30. Kila timu hucheza mechi 162 katika msimu wa kawaida, kwa hiyo jumla ni mechi 2,430. Si kama kandanda ambapo unangoja wikendi. Besiboli ni ya karibu kila siku, kuanzia mwisho wa Machi hadi mwisho wa Septemba. Mechi chache huuzwa na ligi yenyewe kwa vituo vya nchi nzima. Zilizobaki, yaani nyingi mno, kwa miaka mingi kila timu imekuwa ikiziuza yenyewe kwa kituo cha runinga cha eneo lake.

Na hapo ndipo penye kitendawili. Ligi imechora ramani. Kila timu imepewa eneo lake la runinga, na ndani ya eneo hilo kituo kilichonunua mechi ndicho pekee chenye ruhusa ya kuzionyesha. Huduma ya ligi ya intaneti, MLB.TV, imejengwa kwa ajili ya mashabiki wa mbali: ukiwa California na timu yako iko Boston, lipa, tazama. Lakini timu ambazo ramani inasema ni za nyumbani kwako, mechi zake zinazimwa wakati zinachezwa. Ziko kwenye orodha, umelipa, ila kwako ni giza.

Ungefikiri basi kila mtu ana timu moja ya nyumbani. La. Maeneo yanapandana kama blanketi za bweni. Iowa haina timu hata moja ya ligi kuu. Hata hivyo, kwa miaka mingi mtu wa Iowa amehesabiwa kuwa ni mwenyeji wa timu sita: Cubs na White Sox za Chicago, Cardinals wa St. Louis, Royals wa Kansas City, Twins wa Minnesota na Brewers wa Milwaukee. Kutoka Des Moines hadi Chicago ni zaidi ya kilomita 500, yaani ni mbali kuliko Nairobi na Mombasa. Huko Las Vegas nako mambo ni hayo hayo: kwa miaka na mikaka walizimiwa timu sita za California na Arizona, bila kuwa na timu yoyote ya ligi kuu yao wenyewe.

Kichekesho ni kwamba tarehe 12 Agosti 2021 ligi hiyo hiyo ilikwenda Iowa, ikajenga uwanja wa watu 8,000 katikati ya shamba la mahindi pale Dyersville, White Sox wakacheza na Yankees, na dunia nzima ikaambiwa kwamba hapa ndipo moyo wa besiboli ulipo. White Sox walishinda 9-8. Mwaka uliofuata wakarudi tena na Cubs na Reds. Mahindi ya Iowa yanafaa kwa picha. Watu wa Iowa wangojee.

TEKNOLOJIA SI KISINGIZIO

Kuna watu watakuambia kwamba intaneti ni mambo mapya, ligi inajikongoja, tuwe na subira. Hapana. Ndugu zangu, hawa ni miongoni mwa watu wa kwanza duniani kuijua kazi hii. Kampuni ya mtandao ya ligi, MLB Advanced Media, ilianzishwa mwaka wa 2000. Tarehe 26 Agosti 2002 walionyesha mechi ya Yankees na Rangers moja kwa moja kwenye intaneti, na watu wapatao 30,000 wakaitazama. Mwaka wa 2002! YouTube ilikuwa haijazaliwa, na sisi hapa tulikuwa tunalipa kwa dakika pale saibakafe kusoma barua pepe moja.

Mitambo yao ilikuwa bora kiasi kwamba HBO walipotaka kuuza huduma yao kwenye intaneti mwaka wa 2015, waliwapa hao watu wa besiboli wawajengee. Baadaye kitengo hicho kikawa kampuni inayoitwa BAMTech, Disney ikanunua sehemu kubwa yake mwaka wa 2017, na juu ya msingi huo ndipo ilipojengwa Disney+ iliyofunguliwa Novemba 2019. Kwa maneno mengine, watu wenye uwezo wa kumpelekea kila mtu duniani picha ya mechi wametumia sehemu ya uwezo huo kuhakikisha kwamba mtoto wa Des Moines haipati.

Na huko kuzuia kunafanyikaje? Ni rahisi mno. Kompyuta yako inapoomba mechi, seva inatazama anwani yako ya IP, inaitafuta kwenye hifadhidata inayokisia anwani hiyo iko mji gani, mji unageuzwa kuwa namba ya posta, namba ya posta inalinganishwa na orodha ya timu. Ikiwa timu inayocheza imo kwenye orodha yako, mlango unafungwa. Kwenye simu ya rununu programu huomba pia mahali ulipo kwa GPS. Mechi ikiisha, baada ya takriban dakika 90, kufuli inafunguliwa na unaweza kuitazama marudio, ukiwa tayari umeshajua nani kashinda.

Najua ni rahisi kwa sababu nimewahi kuiandika mwenyewe. Nakiri hapa hadharani.

Miaka michache iliyopita, nikiwa nimetoka chuo, mteja mmoja alitupa kazi. Alikuwa anaonyesha michezo kwenye mtandao kwa kulipia kwa simu, na siku hiyo mechi ilikuwa inachezwa Nairobi. Waandaaji waliogopa watu wa Nairobi wasije uwanjani, wakataka tuwafungie. Nikaandika mistari kama arobaini, nikaijaribu ofisini, ikafanya kazi, nikanunua soda. Siku ya mechi nusu ya nchi ikafungiwa. Sababu ni kwamba anwani ya IP haikubuniwa kusema mtu yuko kijiji gani. Ilibuniwa ili pakiti za data zijue njia. Watu wengi wanaotumia data ya simu hutokea kwenye intaneti kupitia mlango mmoja wa kampuni ya simu, na kwa hifadhidata tuliyonunua mlango huo ulikuwa Nairobi. Kwa hiyo Garissa ikawa Nairobi, Kitale ikawa Nairobi, Lamu ikawa Nairobi.

Mzee mmoja akatutumia ujumbe mfupi ambao sijausahau mpaka leo. Aliandika: "Kijana, nimelipa mia mbili. Mechi iko Nairobi, mimi niko Lodwar. Nije kwa miguu?"

Tulimrudishia pesa yake. Lakini swali lake hatukulijibu, na hadi leo sina jibu. Kila ninaposoma habari za Iowa namsikia mzee yule. Nije kwa miguu?

PESA INAPITA WAPI

Sasa tusiwe kama watoto. Kuna sababu ya haya yote, na sababu ni pesa. Tuitazame vizuri, maana ukilaumu bila kuelewa unapiga kelele tu.

Hapo zamani hofu ilikuwa kiingilio. Timu ya Braves ilipohamia Milwaukee mwaka wa 1953, mwenyewe alikataa mechi za nyumbani zisionyeshwe kwenye runinga ili watu waje uwanjani. Ile ilikuwa hesabu ya wakati wake. Halafu ikaja kebo. Vituo vya michezo vya maeneo vikagundua biashara tamu kuliko zote: vinaiuzia kampuni ya kebo kituo, na kampuni ya kebo inamtoza kila mteja, awe anatazama besiboli au hajui hata gongo linashikwaje. Bibi anayetazama taarifa ya habari na mapishi analipia besiboli kila mwezi bila kujua. Pesa hiyo ya watu wasiotazama ndiyo iliyolipa mikataba mikubwa ya timu.

Ili biashara hiyo isimame, ilibidi kusiwe na mlango mwingine. Kama mtoto wa Iowa anaweza kulipa moja kwa moja kwenye intaneti, baba yake atakata kebo. Kwa hiyo giza lile halikuwekwa kwa ajili yako. Liliwekwa kulinda kampuni ya kebo dhidi yako.

Na sheria je? Hapa kuna hadithi ya ajabu. Mwaka wa 1922 Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwamba besiboli si biashara ya kati ya majimbo, hivyo sheria za kuzuia ukiritimba haziigusi. Uamuzi huo ulitetewa tena mwaka wa 1953 na mwaka wa 1972, ingawa kila mtu mwenye macho aliona ni biashara. Mwaka wa 2012 mashabiki walikwenda mahakamani New York kupinga mpangilio huu wa maeneo ya runinga. Januari 2016 kesi ikamalizwa kwa makubaliano: bei ya MLB.TV ikapunguzwa, na shabiki akaruhusiwa kununua timu moja tu badala ya zote. Ahueni kidogo. Lakini kuzimiwa timu za nyumbani kukabaki.

LOS ANGELES, MJI ULIOFUNGIWA TIMU YAKE

Mtu anaweza kusema, basi anayetaka timu ya nyumbani si alipie kebo? Ndivyo ligi inavyojibu. Jibu hilo lingekuwa na maana kama kebo ingekuwa nayo.

Tazameni Los Angeles. Mwaka wa 2013 timu ya Dodgers iliuza mechi zake kwa Time Warner Cable kwa miaka 25, kwa dola bilioni 8.35. Kituo kipya, SportsNet LA, kikafunguliwa mwaka wa 2014. Kampuni nyingine za kebo na setilaiti, ikiwemo DirecTV, zikaona bei iliyotakwa kwa kila mteja ni kubwa mno, zikakataa kukibeba. Matokeo yake sehemu kubwa ya mji haikuweza kuitazama timu yake. Wala intaneti haikuwa njia, kwa maana ramani ilisema hao ni wenyeji. Hali ikaendelea hivyo mpaka Aprili 2020, DirecTV ilipokubali. Misimu sita!

Katika miaka hiyo ndani yake mtangazaji Vin Scully, ambaye alikuwa sauti ya Dodgers tangu mwaka wa 1950, alistaafu mwaka wa 2016. Watu waliokua wakimsikiliza tangu utotoni, waliomjua kuliko wanavyowajua majirani zao, hawakuweza kumtazama katika misimu yake ya mwisho mjini kwake mwenyewe. Novemba 2016 serikali ya Marekani ilizishtaki DirecTV na AT&T, mmiliki wake mpya, ikidai kwamba DirecTV ilibadilishana siri na washindani wake wakati wa majadiliano ya kituo hicho; mwaka wa 2017 wakapatana nje ya hukumu. Lakini muda uliopotea hakuna mahakama inayoweza kuurudisha.

UKUTA UNAPOANGUKA

Halafu mti uliokuwa ukikingia watu jua ukaanza kuoza wenyewe. Wamarekani wakaanza kukata kebo kwa mamilioni, na ile pesa ya bibi wa mapishi ikakauka. Mwaka wa 2019 kampuni ya Sinclair ilinunua mkusanyiko mkubwa wa vituo vya michezo vya maeneo kwa zaidi ya dola bilioni 9. Machi 2023 kampuni yake tanzu iliyokuwa na vituo hivyo, Diamond Sports Group, ikaomba ulinzi wa mahakama ya wafilisi, ikiwa na deni la zaidi ya dola bilioni 8.

Sasa angalieni kilichofuata, maana huu ndio ushahidi wangu mkubwa. Mwisho wa Mei 2023 Diamond iliacha kuilipa timu ya Padres wa San Diego. Ligi ikachukua matangazo hayo yenyewe. Je, ilichukua miaka kufungua milango? Iliundwa tume? Hapana. Siku iliyofuata mechi zilikuwa hewani, na mtu wa San Diego akaweza kulipa moja kwa moja kwenye intaneti bila kuzimiwa. Kwa hesabu ya ligi yenyewe, kaya zilizoweza kuipata timu ziliongezeka kutoka takriban milioni 1.1 hadi zaidi ya milioni 3. Mwezi wa Julai mwaka huo huo Diamondbacks wa Arizona wakafuata, na mwaka wa 2024 Rockies wa Colorado.

Yaani kufuli ile iliyokuwa haiwezekani kufunguliwa kwa miaka ishirini ilifunguliwa kwa siku moja. Mimi niliyeandika kufuli kama ile sikushangaa. Ni kubadilisha mstari mmoja kwenye jedwali. Kilichokuwa kigumu ni nia.

HOJA ZA UPANDE WA PILI

Nisije nikaitwa mpiga domo, nizijibu hoja zao.

Wanasema: pesa ya vituo ndiyo inayolipa wachezaji. Kweli. Lakini mimi sisemi mechi zitolewe bure. Mpwa wangu alilipiwa. Mzee wa Lodwar alilipa. Watu hawa wanakuja na pesa mkononi na wanafukuzwa dukani.

Wanasema: aliyenunua haki za pekee ana haki ya kuzilinda. Sawa kabisa, pale anapouza. Nikinunua haki ya pekee ya kuuza maziwa mtaani, siwezi kukataa kufungua duka kisha nikamkamata jirani anayeleta chupa. Haki ya kuuza peke yako si haki ya kutouza.

Wanasema: mambo yanabadilika, ngojeni. Yanabadilika, nakubali. Tangu mwaka wa 2022 vituo kadhaa vya maeneo vimeanza kuuza kwenye intaneti bila kebo. NESN ya Boston ilitangulia, kwa dola 29.99 kwa mwezi. Novemba 2025 ligi ilitangaza mikataba mipya ya miaka mitatu na ESPN, NBC na Netflix, ambapo ESPN ndiyo itakayouza MLB.TV. Kamishna Rob Manfred mwenyewe amekiri hadharani kwamba kuzimiwa mechi ni tatizo, na anataka baada ya msimu wa 2028 haki za timu ziuzwe pamoja. Lakini hesabuni: mpwa wangu ana miaka kumi. Utoto haungoji mkataba uishe.

UTAFANYA NINI MWENYE NDUGU HUKO

Najua wengi wenu mna jamaa Marekani, na Waswahili si haba Iowa, hasa ndugu zetu kutoka Kongo walioko Des Moines, Iowa City na Cedar Rapids. Basi waambieni hivi:

1. Kabla ya kulipa chochote, weka namba yako ya posta kwenye ukurasa wa ligi unaoonyesha timu unazozimiwa. Kama timu ya mtoto imo, kifurushi kile cha mashabiki wa mbali hakikufai kwa mechi za moja kwa moja. Shemeji angefanya hivi angeokoa pesa.

2. Ulizia kama kituo cha timu hiyo kinauzwa chenyewe kwenye intaneti. Siku hizi vingi vinauzwa, ila lipa mwezi mmoja kwanza uone.

3. Sauti haizimwi. Matangazo ya redio ya ligi kwenye intaneti hayana mipaka hii. Besiboli ni mchezo wa redio hasa, na mtoto anajifunza lugha na hesabu kwa wakati mmoja.

4. Nunua antena ya kawaida. Mechi za Fox, pamoja na fainali za World Series, hufika hewani bila malipo.

5. Subiri marudio, ukiweza kumzuia mtoto asiguse simu kwa dakika 90. Nawatakia kila la heri.

Kuhusu VPN, najua mtaniuliza. Masharti ya huduma yanakataza, akaunti inaweza kufungwa, na kwenye simu GPS itakuumbua. Sikushauri. Lakini ona tulipofika: mteja aliyelipa anafikiria kujificha kama mwizi ili apate alichonunua.

NA SISI JE?

Mtaniambia, besiboli ya Wamarekani inatuhusu nini? Inatuhusu. Kila Jumamosi, ligi ya Uingereza ikiwa inaendelea, ingia kibanda chochote cha mpira Kawangware au Kongowea. Mechi za saa tisa alasiri za kule, ambazo kwetu ni saa kumi na moja au kumi na mbili jioni, tunazitazama. Shabiki aliyeko Manchester kwenyewe hazioni, kwa sababu tangu miaka ya 1960 Uingereza haionyeshi mechi moja kwa moja Jumamosi kati ya saa nane na dakika 45 na saa kumi na moja na robo. Tumefaidi, tumenyamaza. Lakini mwaka wa 2017 SuperSport ilipoacha kuonyesha ligi yetu wenyewe, tulijua ladha ya upande wa pili: Arsenal iko kila kibanda, na Gor Mahia huioni mpaka uende uwanjani.

Na sasa michezo yetu inahamia kwenye intaneti, na sisi watengenezaji programu ndio tutakaoombwa kuandika kufuli. Nawaomba wenzangu: siku mteja akikuletea ramani, muulize swali moja kabla hujafungua kompyuta. Mtu wa hapa ndani, nikimfungia, ataweza kununua wapi? Kama jibu ni "hapa, kwa bei hii", andika. Kama jibu ni "hakuna", basi unaandika ukuta bila mlango, na jina lako liko kwenye kodi hiyo.

Kanuni ninayoitaka ni ya mstari mmoja, na inaingia kwenye mashine yoyote: kama mwenye haki za eneo hauzi mechi kwa mtu huyu, kizuizi kiondoke. Basi. Timu inapata pesa, kituo kinalindwa pale kinapofanya kazi, na mtoto anaona mechi.

Mpwa wangu alinipigia tena juzi, saa tisa usiku kama kawaida. Hakusema hata salamu. Alisema tu, "Anko, geuza simu." Nikaigeuza, nikarudi kulala, kikombe cha chai kikabaki kimeishikilia ligi kuu ya Marekani mpaka alfajiri.

Tukutane wiki ijayo, na safari hii ni hifadhidata, haki ya Mungu.